Kole ya vioo vya motokari: mafuta ya sambaza yameshinda kisu

Wengi wenu mmetuuliza mlangoni pa shule kama ni kweli kwamba motokari ya kikundi imekwaruzwa kabla haijafanya hata safari moja. Ni kweli. Na hakuna dereva wala mwizi aliyeikwaruza. Tumeikwaruza sisi wenyewe, Jumamosi moja asubuhi, tukiisafisha kwa mapenzi mengi.

Tunawaandikia jinsi ilivyotokea, maana hapa Goma mama anayenunua motokari ya okazioni, au ambaye mume wake au kaka yake anainunua, atakutana na jambo hilihili: karatasi zilizobandikwa kwenye vioo, na kole yake ambayo haitaki kutoka.

Motokari yetu ni Toyota, usukani uko mkono wa kuume kama nyingi za mji huu. Ilitembea Japani miaka mingi, kisha ikapanda meli, ikashuka pwani na kupanda barabara hadi kwetu. Tumeilipa kwa pesa za likelemba, franga juu ya franga, ili itubebee mizigo inayoshuka kwenye boti za Kituku. Ilifika na karatasi tano za Kijapani. Moja ya mraba ilikuwa katikati ya parabrizi, juu, karibu na kile kioo cha kutazama nyuma. Moja ya mviringo kwenye pembe ya parabrizi. Mbili kwenye kioo cha nyuma, ya kijani yenye nyota na nyingine ya mviringo. Ya tano, ndogo sana, ilijificha pembeni mwa mlango wa dereva. Aliyekuwa nayo hapa mjini kabla yetu aliongeza ya sita kwenye kioo cha upande: picha ya mgombea wa uchaguzi wa Desemba 2023, anacheka. Kati yetu hakuna aliyempigia kura, na hakuna aliyetaka kumtembeza bure mjini.

Basi tukaanza na mgombea. Mmoja wetu alileta kisu cha jikoni. Karatasi ilitoka vipandevipande, kole ikabaki, na kadiri alivyokwangua ndivyo kisu kilivyolia kwenye kioo. Tulipomwaga maji tuliona mistari mitatu mirefu. Mwanzo tulilaumu kisu, lakini kosa kubwa zaidi lilikuwa vumbi. Vumbi la Goma si udongo tu. Ndani yake mna unga wa mawe ya volkano, yale tunayoyakanyaga kila siku, na chembe zake ni ngumu kiasi cha kuumiza kioo. Ukisugua kioo kikavu hapa kwetu, hata kwa kitambaa laini, unasugua kwa jiwe. (Na lile jiwe la kusugulia visigino lisiguse kioo kabisa. Tunasema hivyo kwa sababu lilipendekezwa.)

Kioo kimwagiwe maji kwanza, vumbi lishuke, ndipo mkono uguse.

Wakati sisi tunatazama mistari, kijana wa mmoja wetu, wa miaka kumi na mitatu, alikuwa amepata njia yake. Alikwenda kwa kadhafi wa njiapanda, akanunua esanse kidogo katika chupa, kwa sababu ameona waosha motokari wakifanya hivyo. Ni kweli, esanse inatoa kole. Kijana alilowesha kitambaa na kuanza kusugua karatasi ya kijani. Mbabula ya maharagwe ilikuwa mbali naye, hatua nne au tano, na ndiyo sababu hakuna aliyesema neno. Tulidhani moto unangoja mpaka uguswe. Lakini mvuke wa esanse ni mzito kuliko hewa. Hauendi juu kama moshi, unashuka na kutambaa chini, na ukikuta makaa unarudi na moto hadi kwenye chupa. Tulisikia sauti moja tu, kama mtu anayepuliza mshumaa, na kitambaa kikawaka mkononi mwa mtoto.

Alikitupa. Mmoja wetu alitupa mchanga juu ya chupa, na hapo tulifanya vizuri, maana maji juu ya esanse inayowaka yanautembeza moto. Mwingine alikimbilia dawa ya meno. Mwingine aliomba yai. Wamama, hayo yote hapana. Wala mafuta, wala asali. Mkono uliochomeka unataka maji safi ya baridi, yanayotiririka polepole, dakika 20 kwa saa, hata kama mtoto anasema sasa hayamuumi tena. Mnajua bei ya bidoni ya maji kwetu. Tulimaliza mbili, na ndiyo yalikuwa maji ya siku nzima ya nyumba ile. Kisha tukafunika mkono kwa kitambaa safi kilicholegea na kwenda naye kwenye kituo cha afya. Amepona. Kwa majuma matatu alikaa darasani akisikiliza bila kuandika, na ngozi kati ya vidole viwili bado ni nyeupe.

Jioni ya siku ile motokari ilikuwa na mistari mitatu, karatasi tano zilizoliwa nusu, na hakuna aliyetaka kuigusa. Njia ilitoka jikoni, kwa mama mzee wa kikundi ambaye hajawahi kushika usukani. Aliuliza: "Mkimenya ndizi mbichi, utomvu mnautoa na nini?" Tukasema, na mafuta. "Basi?"

Ndiyo hivyo. Kole ya karatasi hizi si ile ya unga. Imetengenezwa kwa vitu vya jamii ya mpira au plastiki, na maji hayaiwezi, kama yasivyouweza utomvu wa ndizi au wa fenesi. Mafuta yanaingia ndani yake, yanaivimbisha, inaacha kushika. Hatukununua chochote. Tulichukua mafuta yaliyobaki ya kukaanga sambaza. Yalifanya kazi vizuri kabisa, ila motokari ilinuka Ziwa Kivu kwa juma zima, na abiria wa kwanza aliuliza kama tunauza samaki. Mafuta mapya yanafaa zaidi kwa pua, na vazelini pia inafaa. Mawese yanatoa kole lakini yanaacha wekundu kwenye mpira wa kuzunguka kioo.

Tulivyofanya kwa karatasi zilizobaki ni hivi. Kwanza maji ya kushusha vumbi, kikombe kimoja au viwili. Kisha tunabandua karatasi yenyewe: kitambaa kilichochovywa katika maji ya uvuguvugu yenye sabuni kinawekwa juu yake na kufunikwa kwa sashe ya plastiki (zile ambazo jirani zetu wa Gisenyi wamekatazwa tangu 2008) ili kisikauke. Baada ya nusu saa karatasi inalegea na kutoka kwa ukucha. Maji yasiwe ya kuchemka. Asubuhi zetu ni za baridi, kioo nacho ni baridi, na maji ya moto yanaweza kukipasua. Hapo inabaki kole. Tunaipaka mafuta, tunaiacha saa moja, tunakunywa chai. Kisha tunaikusanya kwa kadi ya plastiki isiyo na kazi, tukiisukuma polepole mpaka inajikunja kama makapi ya ufutio. Si kadi ya mchaguzi, tafadhali, hiyo ndiyo kitambulisho chetu. Mwisho sabuni ya vyombo ili kuondoa mafuta, kwa sababu parabrizi yenye mafuta usiku, taa za wengine zikiipiga, haionyeshi njia.

Mahali pagumu tulirudia mara tatu. Jua letu ni kali, tuko karibu mita 1,500 juu ya bahari, na kole iliyopikwa na jua miaka kadhaa inakuwa kama gamba. Kwa gamba hilo alkoli ya famasi ilisaidia, kidogo kwenye pamba, mbabula ikiwa imezimwa maana nayo inawaka. Dawa ya kutoa rangi ya kucha pia inayeyusha kole, lakini ikidondoka kwenye rangi ya motokari au kwenye plastiki ya ndani inaacha kidonda. Wembe unaruhusiwa, kwa mikono ya mtu mzima tu: uwe mpya, kioo kiwe kimelowa sabuni, ulazwe karibu kulala kabisa, usukumwe upande mmoja bila kurudishwa.

Kioo cha nyuma ni habari nyingine. Ndani yake mna mistari myembamba ya rangi ya udongo, kutoka upande hadi upande. Ni nyaya zinazopasha kioo joto ili kifute ukungu, na wembe ukikata mmoja, huo umekufa. Hapo ni mafuta na kidole tu, kufuata mstari, bila kuukata njia. Ndivyo ilivyo pia kwa kioo chenye plastiki ya giza. Kila inapotoka amri ya kuondoa vioo vya giza, watu wanavuta ile plastiki kwa nguvu na kubaki na kole kioo kizima. Ingepashwa jua kwanza na kuvutwa polepole kutoka pembeni, nyingi ingekuja na kole yake.

Sasa tufike kwenye jambo linalotuuma kuliko ile mistari mitatu.

Siku mbili baadaye fundi alikuja kuangalia breki. Aliuliza karatasi ziko wapi. Tukamwonyesha vioo kwa fahari. Akatikisa kichwa, akauliza tena: ile ndogo ya mlangoni, mliisoma kabla ya kuitoa? Sisi walimu, tunaowaambia watoto kila asubuhi wasome swali kabla ya kujibu, tulikuwa hatujasoma kitu. Tuliona herufi za Kijapani tukadhani hazituhusu. Lakini tarakimu ni zilezile za kwetu. Karatasi ndogo ya mlangoni huwa imeandikwa na gereji ya huko wakati wa kubadilisha mafuta ya injini: siku gani, na motokari ilikuwa imefikisha kilometa ngapi. Ukikuta imeandikwa 140,000, na saa ya kilometa mbele ya dereva inasema 90,000, unajua kwamba kuna mtu ameirudisha nyuma ili akuuzie ghali.

Ile ya mraba ya parabrizi nayo inasema kitu: mwezi na mwaka ambao ukaguzi wa serikali ya Japani unaisha. Mwaka wao hauandikwi kama wetu, wanahesabu tangu mfalme alipoanza kutawala. Enzi ya Heisei ilianza 1989, ya Reiwa 2019. Kwa hiyo namba 28 ya Heisei ni 2016 (ongeza 1988), na namba 3 ya Reiwa ni 2021 (ongeza 2018). Ukiambiwa motokari imetoka Japani juzi, na karatasi inasema ukaguzi uliisha miaka minane iliyopita, uliza ilikuwa wapi.

Tulikimbilia kwenye takataka. Tulipata kipande kimoja kilicholowa mafuta ya sambaza, chenye tarakimu tatu za mwisho: 6, 1 na 2. Zilizotangulia zimekwenda. Aliyetuuzia anasema saa ya kilometa haijaguswa. Labda ni kweli. Sisi hatuna tena cha kumwonyesha. Kwa hiyo anayenunua leo apige picha karatasi zote kwa simu kabla ya kutoa pesa, na hasa kabla ya kutoa kole.

Neno moja kwa wanaonunua motokari zilizokuwa za mashirika. Nyingi zina alama ya bunduki iliyokatwa kwa mstari mwekundu, kuonyesha kwamba silaha haziingii humo, na pengine nembo ya shirika mlangoni. Itoeni yote, hata kivuli chake. Kwenye kizuizi, askari anayeona alama ile anataka kujua wewe ni nani, na "mwenye zamani" si jibu linalomtosha.

Na kivuli kinabaki kweli. Chini ya karatasi kioo hakikupigwa na vumbi, kwa hiyo kole ikitoka unaona umbo lake, safi kuliko kioo kilichozunguka. Siki iliyochanganywa na maji, nusu kwa nusu, imepunguza la kwetu. Asubuhi, jua likitokea upande wa Rwanda, mraba bado unaonekana katikati ya parabrizi. Mistari mitatu ya kisu haitatoka.

Jumamosi ijayo saa tatu asubuhi tutakuwa uwanjani pa shule na mama mmoja wa Katindo, ambaye amenunua motokari yenye karatasi saba, na ameshazipiga picha. Anayetaka kuona aje na tisheti kuukuu na mafuta yaliyobaki jikoni. Maji ya kuosha hatutayamwaga ziwani tunakochota ya kunywa, tutayamwaga kwenye shimo. Chai tutaileta katika tamosi, kwa sababu mbabula haitawashwa.