Jina Likipotosha, Jicho Nalo Hupotea

Muhula uliopita nilikuwa nikifundisha semantiki, yaani taaluma ya maana za maneno, nilipowaomba wanafunzi wangu wanitajie maneno ya Kiswahili yahusuyo mbingu. Jua, mwezi na nyota yakatajwa upesi. Kisha kijana mmoja kutoka Pwani akainua mkono na kusema, "Kilimia, Mwalimu." Baadhi ya wenzake wakacheka, kwani neno hilo hawakuwahi kulisikia. Nilipomtaka aeleze, alisema kwamba nyanya yake ndiye aliyemwonyesha Kilimia angali mdogo, nacho ni kikundi cha nyota ndogo zilizosongamana ambacho wakulima wa zamani walikitazama ili kujua majira.

Nilimwuliza kama aliwahi kusoma habari za Pleiades. Akajibu kwamba alizisoma katika kitabu kimoja cha sayansi alipokuwa shule ya upili. Nilipomwambia kuwa Pleiades za kitabu na Kilimia cha nyanya yake ni kitu kimoja, alinitazama kana kwamba nimemfanyia mzaha. Kwa miaka yote hiyo kijana huyu alikuwa na mbingu mbili kichwani: moja ya nyumbani, yenye majina lakini isiyo na sayansi, na nyingine ya shuleni, yenye sayansi lakini isiyo na majina ayajuayo.

Mpenzi msomaji, jambo hili limenisumbua tangu siku ile. Limenifanya nirejee historia ya ugunduzi wa nebula, vishada vya nyota na galaksi, nami nimeona kwamba historia hiyo, pamoja na kuwa ya darubini, ni historia ya maneno pia.

Tuanze na neno lenyewe. Nebula ni Kilatini, na maana yake ni ukungu. Galaksi nalo linatokana na neno la Kigiriki lenye maana ya maziwa. Maneno haya tunayoyaogopa darasani yalikuwa ya kawaida kabisa vinywani mwa wenyewe, sawa na Kilimia, ambacho jina lake limetokana na kulima. Mtu wa kale aliinua macho usiku, akaona doa jeupe lisilo na umbo, akaliita kwa jina la kitu alichokijua. Mwaka 964, mwanafalaki Abd al-Rahman al-Sufi, aliyefanya kazi Isfahan katika nchi ya Uajemi, aliandika kitabu cha nyota ambamo alilitaja doa lililo katika kundi la Andromeda kama kiwingu kidogo. Hakuwa na darubini, kwani chombo hicho hakikuelekezwa mbinguni ila baada ya miaka zaidi ya 600.

Galileo alipoitumia darubini yake na kuchapisha matokeo mwaka 1610, alionyesha kwamba macho yetu yalikuwa yametupunja. Katika Kilimia, ambapo watu wengi huona nyota sita au saba tu, alichora nyota nyingine 36. Njia ya Maziwa nayo, ambayo wengi waliidhania kuwa mvuke, ilikuwa halaiki ya nyota. Hapo pakazuka dhana iliyowaongoza na kuwapotosha wataalamu kwa muda mrefu: kwamba kila ukungu wa mbinguni ni nyota zilizo mbali, na ukipata darubini kubwa zaidi utazitenganisha.

Bara letu pia lina nafasi katika kisa hiki. Mnamo 1751 na 1752, Mfaransa Nicolas-Louis de Lacaille alizipima nyota za kusini akiwa Rasi ya Tumaini Jema, kwa darubini ndogo mno. Mwaka 1755 alichapisha orodha ya vitu 42 vyenye sura ya ukungu, akavigawa katika mafungu matatu ya vitu 14 kila moja: ukungu usio na nyota, nyota zilizokusanyika zikaonekana kama ukungu, na nyota zilizoandamana na ukungu. Huyu alikuwa amehisi kwamba jina moja halitoshi.

Charles Messier wa Paris hakujishughulisha na mafungu. Yeye alikuwa mwindaji wa nyota zenye mkia, na mwaka 1758 alihadaiwa na doa moja katika kundi la Fahali lililofanana na mawindo yake. Ndipo alipoamua kuorodhesha vitu vyote vya namna hiyo, visije vikampotezea wakati tena. Orodha yake ya kwanza ilikuwa na vitu 45, na ile aliyoikamilisha mwaka 1781 ilikuwa na vitu 103. Leo tunajua kwamba doa lile la kwanza ni mabaki ya nyota iliyolipuka na mlipuko wake ukaonekana China mwaka 1054. Namba 13 ni kishada cha mviringo chenye malaki ya nyota. Namba 31 ni galaksi nzima, ile ile ya al-Sufi. Na namba 45, iliyoifunga orodha ya kwanza, ni nini? Ni Kilimia cha nyanya wa mwanafunzi wangu. Vitu vinne vya asili mbalimbali vimetiwa katika kapu moja kwa sababu tu vilifanana machoni.

William Herschel, akisaidiwa na dada yake Caroline, ambaye naye aligundua nebula kadhaa, alitumia darubini kubwa zaidi na kuorodhesha vitu 2500 kati ya 1786 na 1802. Kwanza aliamini kwamba nebula zote ni nyota. Lakini mwaka 1790 aliona nyota moja iliyozungukwa na ukungu halisi, naye akakiri kwamba fikira zake za awali hazikutosha. Kukiri huko ndiko kulikomfanya mwanachuoni. Hata hivyo, alituachia jina la kupotosha: baadhi ya nebula aliziita "za kisayari" kwa kuwa ziliviringana kama sayari, ilhali hazihusiani na sayari hata kidogo. Jina hilo lingali vitabuni hadi leo.

Mwaka 1845, Lord Rosse wa Ireland aliona kwa darubini yake kubwa kwamba baadhi ya nebula zina umbo la mzunguko kama wa maji yanayoingia shimoni. Mwaka 1864, William Huggins aliichanganua nuru ya nebula moja ya kisayari na kuthibitisha kwamba ni gesi. Sasa kapu la Messier likaanza kupasuka. Lakini zile zenye mzunguko zilikuwa nini? Mwaka 1920, Harlow Shapley na Heber Curtis walijadiliana mjini Washington. Curtis alishikilia kwamba kila moja ni galaksi kama yetu, naye Shapley akapinga.

Ufunguo ulikuwa umekwisha kupatikana. Mwaka 1912, Henrietta Leavitt wa Harvard, akichunguza nyota 25 zenye kufifia na kung'aa kwa zamu katika Wingu Dogo la Magellan, alionyesha kwamba kadiri nyota ya namna hiyo ilivyo na nuru kuu ndivyo mzunguko wake unavyochukua muda mrefu. Ukiujua muda, umeijua nuru yake halisi, na hivyo waweza kukadiria umbali. Oktoba 1923, Edwin Hubble aliona kitone katika picha ya Andromeda, akakiandikia herufi ya kuonyesha kuwa ni nyota iliyolipuka. Baadaye aliifuta herufi ile, akaandika kwamba ni nyota ibadilikayo nuru. Kwa kusahihisha jina lile moja, ulimwengu ulipanuka. Kiwingu kidogo cha al-Sufi kilikuwa nje kabisa ya galaksi yetu. Vipimo vya leo vinaonyesha kwamba kiko umbali wa miaka ya nuru ipatayo milioni mbili na nusu.

Funzo ni lipi kwetu walimu na wanafunzi? Kwanza, istilahi si msahafu. Hata Hubble aliendelea kuziita galaksi hizo nebula, na neno hilo limo katika jina la kitabu chake cha 1936. Tumfunze mwanafunzi kuuliza jina linaficha nini, badala ya kulikariri tu kwa ajili ya mtihani. Pili, tusione haya kutumia maneno yetu. Ikiwa maziwa na ukungu wa wenzetu vimekuwa sayansi, kwa nini kishada na Kilimia vibaki kuwa hadithi za jikoni? Tatu, na hapa wanaistilahi wenzangu wanisikilize, tusirudie kosa la kapu moja. Mwandishi anayetumia "kundi la nyota" kwa kishada, kwa galaksi na kwa zile sura za nyota kama Fahali, anamrejesha mwanafunzi kwenye karne ya 18.

Wazee walisema kwamba Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, na kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Kauli hiyo ni ya watu waliotazama mbingu mwaka baada ya mwaka wakaweka kumbukumbu, na huko ndiko sayansi huanzia. Mwalimu, usiku wa Januari usio na mwezi, watoe wanafunzi wako nje uwaonyeshe Kilimia. Waambie kwamba ni kishada cha nyota zaidi ya elfu moja, kilicho umbali wa miaka ya nuru ipatayo 440. Kisha waambie wakaulize nyumbani kinaitwaje. Huenda katika darasa lako yumo kijana mwenye mbingu mbili, anayengoja mtu wa kumwambia kwamba ni moja.