Nyama na Mboga za Majani kwa Karai

Katika mji wa Guangzhou, kusini mwa China, mpishi aweza kukaanga nyama ya ng'ombe na mboga kwa muda wa dakika tano tu. Lakini kazi kubwa huwa imekwisha kabla karai haijatiwa motoni. Nyama hukatwa vipande vyembamba sana, kisu kikipita kwa kukingama nyuzi zake. Kwani uzi mrefu ni mgumu kutafuna, na uzi mfupi hukatika upesi menoni. Kisha huchanganywa na mchuzi wa soya na wanga kidogo wa mahindi, ikaachwa robo saa.

Mboga yao huitwa gai lan, nayo ni ndugu wa kabichi na sukuma wiki. Basi asiyeipata asihangaike, sukuma wiki yafaa.

Moto na uwe mkali, hata mafuta yaanze kutoa moshi. Hapa ndipo wengi hukosea, humimina nyama yote mara moja. Karai hupoa, nyama hutoa maji, na maji yachemkapo hayazidi joto la digrii 100. Kwa hiyo nyama hutokoseka badala ya kukaangika, ikawa ngumu kama ngozi. Tia nusu kwanza, igeuke rangi, uitoe. Ndipo utie nusu ya pili. Halafu kaanga tangawizi na kitunguu saumu, tia vikonyo vya mboga, na majani baadaye, maana huiva upesi zaidi. Rudisha nyama, geuza mara mbili tatu, uipakue juu ya wali.