Shubiri ya Poland Ilinywewa na Nani?

Neno 'mageuzi' lina hila moja: halitwambii ni nani anayegeuza wala ni nani anayegeuzwa. Poland ni mfano mwafaka.

Katika uchaguzi wa Juni 1989, Solidarity, chama cha wafanyakazi kilichozaliwa katika karakana ya meli mjini Gdańsk mwaka 1980, kilitwaa viti 99 kati ya 100 vya Seneti. Tadeusz Mazowiecki akawa waziri mkuu. Waziri wake wa fedha, Leszek Balcerowicz, akaanza mpango wake Januari 1, 1990: bei zikaachiliwa, ruzuku zikapunguzwa, milango ya biashara ikafunguliwa. Maduka matupu yakajaa bidhaa. Hata hivyo, kufikia mwisho wa mwaka huo, watu zaidi ya milioni moja hawakuwa na kazi. Miongoni mwa walioumia ni wafanyakazi wale wale walioung'oa utawala wa zamani, pamoja na vibarua wa mashamba ya serikali.

Watetezi wa mpango husema mfumuko wa bei ulidhibitiwa, na kwamba Poland ilijiunga na Umoja wa Ulaya mwaka 2004. Ni kweli, wala sibishi. Lakini mwaka 1993 wapigakura waliwarudisha madarakani warithi wa chama cha Kikomunisti. Foleni za nyama hawakuwa wamezisahau, ila walichoka kuinywa shubiri peke yao.

Walimu wenzangu, tunapofundisha neno 'ubinafsishaji', tuwaonyeshe wanafunzi kuwa shina lake ndilo lililozaa 'ubinafsi'. Kisha tuwaache waulize: dawa hii ni ya nani kuinywa?