Jua la Kadi na Jua la Kidodi

Mtoto mdogo asiye na nguo amepanda farasi mweupe, bila tandiko wala hatamu. Amekunjua mikono kama anayetaka kuruka, na bendera nyekundu inapepea ubavuni pake. Nyuma yake kuna ukuta wa mawe, na juu ya ukuta alizeti zinachungulia. Anga yote imetwaliwa na jua lenye uso wa mtu. Miale yake mingine imenyooka, mingine imepinda.

Hiyo ndiyo kadi ya Jua, namba 19 katika tarot, pakiti ya kadi 78 ambazo wapiga ramli wa Ulaya na Marekani huzipanga mezani mbele ya mteja. Kati ya hizo 78, kadi 22 zina picha na majina ya peke yake: Mfalme, Kifo, Mnara, Nyota na kadhalika. Jua linafuata baada ya Mwezi, kadi ya wasiwasi na mambo yanayoonekana nusunusu gizani, na linatangulia Hukumu. Ndiyo maana wasomaji wake karibu wote wanakubaliana kuhusu maana: usiku umekwisha. Mgonjwa atapona, jambo lililofichwa litajulikana, kazi itazaa matunda, pengine mtoto atazaliwa. Hata ikitoka kichwa chini haitishi sana. Husemwa kwamba heri ipo ila imechelewa, au kwamba mwenye bahati ameanza kujisahau kwa majivuno.

Picha hiyo ilichorwa London mwaka 1909 na Pamela Colman Smith kwa maelekezo ya Arthur Edward Waite, ikachapishwa na kampuni ya William Rider & Son. Mwezi Desemba, London hupata jua saa mbili asubuhi na kulipoteza kabla ya saa kumi alasiri, na siku nyingi hata hizo saa chache humezwa na mawingu. Mtu wa huko akitafuta picha ya furaha isiyo na masharti, haendi mbali: anachora jua, halafu anamvua mtoto nguo.

Smith mwenyewe alikuwa ameliona jua la aina nyingine. Alizaliwa Uingereza mwaka 1878, lakini sehemu ya utoto wake aliishi Jamaica, na mwaka 1899 alichapisha kitabu cha hadithi za Anansi, yule buibui mjanja aliyevushwa bahari na watumwa kutoka Afrika Magharibi, ndugu wa karibu wa Sungura wa hadithi zetu. Kwa kadi zote 78 alilipwa fedha kidogo.

Sasa kadi hiyo na ipandishwe basi hadi Mikumi, mkoani Morogoro, ishike barabara ya Ifakara kuelekea Kidodi. Magharibi ya barabara inasimama milima ya Vidunda, kwao Wavidunda. Chini, bondeni, ni mashamba ya miwa yanayolisha viwanda vya sukari vya Kilombero. Hapo swali la maana ya jua lina majibu mawili, na yanategemea mtu analima juu au chini.

Mwenye miwa bondeni analihitaji jua. Kiangazi ndicho kinachoufanya muwa uache kurefuka na uanze kukusanya sukari, na kiwanda hakiwezi kusaga sawasawa wakati wa masika, matrekta yanapozama kwenye tope. Jua likiwaka, magari ya miwa yanapishana na malipo yanakaribia. Lakini anayeushika ule muwa ni mkataji, mwenye panga mkononi na masizi ya shamba lililochomwa usoni, na huyo hudamka mapema ili amalize sehemu kubwa ya kazi kabla jua halijafika utosini. Kule juu milimani, mwenye mahindi na maharage anatazama mawingu. Wiki mbili za jua kali wakati mahindi yanatoa mbelewele zinaweza kumaliza msimu mzima.

Na si wakulima tu. Mto Ruaha Mkuu unapita kusini mwa milima hiyo na kuendesha mitambo ya Kidatu, yenye uwezo wa megawati 204. Ukame ulipokausha mabwawa mwaka 2006, nchi nzima iliingia kwenye mgao wa umeme. Kwa upande mwingine, Kilosa, wilaya ilimo Kidodi, ilifikwa na mafuriko ya Mto Mkondoa mwishoni mwa 2009 na mwanzoni mwa 2010, maelfu ya watu wakakosa makazi na reli ya kati ikakatika. Wiki hizo hakuna aliyehitaji mpiga ramli amweleze kwamba jua ni heri.

Waswahili walishaligawa jambo hili kwa maneno machache: mchumia juani hulia kivulini. Katika methali hiyo jua ni kazi, na malipo yako kivulini. Yule mtoto wa kwenye kadi hajachuma kitu, hana hata kofia, na bado anacheka. Msomaji wa Kidodi ana haki ya kuuliza ni nani anayemlimia.

Hata hivyo isidhaniwe kwamba jua ni adui katika fikra za Afrika Mashariki. Wairaqw wa Mbulu wana Looaa, Mungu mwema anayesemwa kama mama, na jina hilo ndilo la jua. Wachaga walimwita Mungu Ruwa, naye pia amefungamana na jua. Hapo jua liko karibu na lile la tarot: linaona kila kitu na halina kinyongo.

Kitu kinachoitofautisha kadi hii na ramli nyingi za huku ni kwamba haimnyooshei mtu kidole. Mwanaanthropolojia Mmarekani T. O. Beidelman, aliyeanza utafiti Ukaguru, Kilosa, mwaka 1957, na ambaye baadaye aliandika pia kuhusu Wavidunda na jamii nyingine za ukoo wa mama, alieleza jinsi tuhuma za uchawi zilivyowaangukia watu wa karibu: ndugu, wake wenza, majirani. Mteja alikwenda kuuliza kwa nini mtoto anaumwa, akarudi na jina. Polisi wa Tanzania wanaiita ramli ya namna hiyo ramli chonganishi, na Januari 2015 serikali, kupitia Waziri wa Mambo ya Ndani Mathias Chikawe, ilipiga marufuku waganga wapiga ramli kutokana na mauaji ya watu wenye ualbino. Kadi ya Jua haiwezi kumpa mtu jina la jirani. Inasema mambo yatakuwa mazuri, ikaishia hapo. Ni utabiri mwepesi, na wepesi huo una nafuu yake.

Je, kadi zenyewe zina nguvu gani? Historia inazishusha kidogo. Mwaka 1781 Mfaransa Antoine Court de Gébelin alidai kwamba tarot ni kitabu cha siri cha makuhani wa Misri ya kale. Hakuwa na ushahidi, lakini dai lilipendwa, na ni kuanzia hapo ubashiri wa tarot ulipovuma Ulaya. Mwanafalsafa Michael Dummett, katika kitabu chake cha 1980, alionyesha kwamba kadi hizo zilitengenezwa Italia ya kaskazini katika karne ya 15 kwa ajili ya mchezo tu. Misri inahusika kwa njia nyingine: karata za kawaida ziliingia Ulaya karne ya 14 kutoka kwa Waislamu, na pakiti ya Wamamluki wa Misri yenye vikombe, sarafu, panga na fimbo imehifadhiwa Istanbul. Wareno wakaileta familia hiyo pwani yetu, na wacheza karata wa Kidodi wanaendelea kutaja kopa, uru, shupaza na pau bila kujua kwamba wanahesabu vikombe, dhahabu, panga na fimbo.

Zile kadi 22 za picha ziliongezwa mchezoni ili 21 kati yake ziwe turufu. Ufaransa tarot inachezwa hivyo mpaka leo, na kwenye pakiti zao za kisasa picha ya jua imeondolewa, imebaki namba. Namba 19 inaila 18, na inaliwa na 20.