Mrufani Akifa, Rufani Yake Huishia Wapi?

Ndugu askari wa jeshi na polisi, tuchukue mfano tu, wala si habari ya mtu fulani. Mvuvi wa Nyanza-Lac amehukumiwa kifungo cha miaka mitano kwa kumjeruhi mwenzake katika ugomvi wa nyavu, tena ameamriwa kumlipa fidia. Akakata rufani. Kabla majaji hawajaisikiliza, akafariki dunia gerezani. Mjane wake anamwuliza askari aliyemletea habari: kifungo hiki sasa kinamwangukia nani?

Sheria ya Burundi ya mwenendo wa mashauri ya jinai, iliyotangazwa tarehe 11 Mei 2018, inajibu waziwazi: mashtaka ya Serikali huzimika kwa kifo cha mshtakiwa. Hukumu iliyokatiwa rufani ilikuwa haijawa ya mwisho, na sasa haiwezi kuwa ya mwisho. Hakuna mwana, ndugu wala mjane awezaye kumalizia kifungo cha marehemu.

Mfano wa kweli ni ule wa Laurent Bucyibaruta, aliyekuwa mkuu wa mkoa wa Gikongoro nchini Rwanda mwaka 1994. Tarehe 12 Julai 2022 mahakama ya Paris ilimhukumu kifungo cha miaka 20 kwa kusaidia mauaji ya kimbari. Akakata rufani, lakini alifariki tarehe 6 Desemba 2023 kabla haijasikilizwa. Kwa sheria ya Ufaransa, ambayo katika jambo hili inafanana na ya Burundi, mashtaka yakazimika. Walionusurika, waliokwisha toa ushahidi wao kwa machozi, waliachwa bila ya hukumu ya mwisho. Huo ndio uchungu wa kanuni hii. Kifo hakimtakasi mtu wala hakimtii hatiani. Huizuia tu mahakama isiendelee kusema.

Jirani zetu wa Kigoma wanafuata mapokeo ya Kiingereza. Sheria ya Tanzania ya mwaka 1985 yasema kwamba rufani ya mfungwa hukoma anapofariki, isipokuwa rufani ya kupinga faini. Sababu yaeleweka: kifungo huushika mwili, na mwili umekwenda, faini huishika mali, na mali imebaki mikononi mwa warithi.

Turudi kwa mvuvi wetu. Fidia nayo ni jambo la mali, kwa hiyo haifi pamoja naye. Aliyejeruhiwa bado ana haki ya kuidai katika urithi ulioachwa, kwa njia ya madai mbele ya hakimu.

Hapa ndipo wajibu wa askari unapoanza. Mlinzi wa gereza na ahakikishe kwamba cheti cha kifo kinamfikia mwendesha mashtaka na mahakama bila kuchelewa, maana faili lisilo na cheti huendelea kumwita mtu aliyekwisha zikwa. Polisi naye asimkamate mwana badala ya baba, wala asichukue mashua na nyavu za yatima kwa neno la mdomo la mdai. Amri ya mali hutoka kwa hakimu, tena kwa maandishi.

Mjane aliyeuliza swali lile anastahili kujibiwa na askari kwa upole na kwa hakika: mama, kifungo hakimwangukii mtu yeyote.