Rangi yenye uhai yatoa oksijeni ukutani

WANASAYANSI wa Chuo Kikuu cha Surrey, Uingereza, walitangaza mwaka 2023 kuwa wametengeneza rangi yenye bakteria hai, ambayo hufyonza hewa ya ukaa na kutoa oksijeni inapopata mwanga.

Bakteria hao, Chroococcidiopsis cubana, huishi jangwani na huhitaji maji kidogo mno. Kazi ngumu ilikuwa kuwahifadhi, kwani rangi ya kawaida ikikauka hubana kiasi cha kuwanyima viumbe maji na hewa. Watafiti walilazimika kutengeneza utando ulio imara, lakini wenye vitundu vidogo.

Katika vipimo vya mwezi mmoja, kila gramu ya bakteria ilitoa hadi gramu 0.4 za oksijeni kwa siku bila kupungua. Aina nyingine iliyojaribiwa, Synechocystis, haikufua dafu.

Watafiti hao walitaja uwezekano wa kuitumia katika sayari ya Mirihi, ambako binadamu hawezi kuvuta hewa iliyopo. Hata hivyo, safari bado ni ndefu: mtu mmoja huhitaji takriban gramu 840 za oksijeni kwa siku, na kwa kiwango hicho zingetakiwa zaidi ya kilo mbili za bakteria.