Historia Irudi kwa Wenyewe

Wahenga walisema kwamba mali bila daftari hupotea bila habari. Maneno hayo huambiwa mwenye duka, lakini leo twapenda kuyaelekeza kwa mali nyingine isiyowekwa dukani wala ghalani, nayo ni habari za watu waliotutangulia.

Natuchukue mfano wa Ikinga, katika Wilaya ya Ileje, Mkoa wa Songwe. Ileje ni nchi ya milima, nchi ya Wandali, Walambya, Wamalila na Wanyiha, na kusini mwake wapita mto Songwe. Mto huo ulifanywa mpaka kwa mkataba ambao Uingereza na Ujerumani zilitia sahihi mjini Berlin tarehe 1 Julai, 1890. Wenye nchi hawakuulizwa neno. Hata leo Wandali na Walambya wako ng'ambo zote mbili, Tanzania na Malawi. Basi kijana wa Ikinga akitaka kujua ni kwa sababu gani watu wa lugha moja na ukoo mmoja wamekuwa raia wa dola mbili, atasoma wapi?

Wataalamu hawakuzisahau nchi hizo. Mwaka 1958 Bibi Monica Wilson alitoa kitabu juu ya makabila yakaayo baina ya Ziwa Nyasa na Ziwa Tanganyika. Mwaka 1968 kilichapwa kitabu kiitwacho “Tanzania Before 1900”, kilichohaririwa na Bwana Andrew Roberts. Kina sura saba za sehemu saba za nchi yetu, na sura moja, iliyoandikwa na Bibi Beverley Brock, ni ya Wanyiha. Twawashukuru waandishi hao, maana walikusanya mengi ambayo pengine yangalipotea. Lakini waliandika kwa Kiingereza, tena kwa ajili ya wanachuoni. Mkulima wa kahawa au maharage aliye Ileje, ambaye babu zake ndio wanaosimuliwa humo, hana njia ya kujisomea.

Liko jambo la ajabu kuliko hilo. Mmisionari mmoja wa Moravian, Bibi Elise Kootz-Kretschmer, aliyekaa miaka mingi kati ya Wasafwa, aliandika masimulizi ya wanawake waliotekwa katika pande hizo karne ya 19. Mmoja wao ni bibi kizee aitwaye Narwimba. Masimulizi hayo yalichapwa kwa Kijerumani. Baadaye Bibi Marcia Wright aliyatoa kwa Kiingereza, katika kitabu kilichochapwa Lusaka mwaka 1984, kisha katika kitabu kingine cha mwaka 1993. Tazama safari hiyo! Maneno ya bibi wa Kiafrika yalivuka bahari hadi Ujerumani, yakafika Marekani, yakasomwa na wanafunzi wa vyuo vikuu. Nasi twauliza: je, wajukuu wa wanawake kama hao wayasome lini, kwa Kiswahili, nyumbani kwao?

Wako wasemao kwamba historia ikiandikwa kwa watu wote hupungua ukweli wake. Sisi hatukubali. Abdallah bin Hemedi aliandika “Habari za Wakilindi” kwa Kiswahili, akieleza utawala wa Usambara, na kitabu hicho kilichapwa tena mwaka 1962 kwa sababu wataalamu wenyewe walikihitaji. Mwaka 1954 Mathias Mnyampala, aliye Mgogo, alitoa kitabu cha Kiswahili juu ya historia, mila na desturi za Wagogo. Tena mwaka 1968 wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walikwenda vijijini kuwauliza wazee juu ya vita vya Maji Maji, na baadhi ya maneno ya wazee yalitolewa katika kijitabu. Kumbe yawezekana kuandika kwa uangalifu, na msomaji wa kawaida asiachwe nyuma.

Hata hivyo twapenda kutoa onyo. Historia ya kusomwa na wengi ina mtego wake, nao ni sifa. Kila ukoo utapenda babu yake awe ndiye aliyefika kwanza, na kila mtawala wa kale atatafutiwa ushindi. Mwandishi mwema hana budi kuuliza wazee wa koo mbalimbali, kuandika jina la kila aliyemsimulia, na pale wanapotofautiana kuziandika habari zote mbili bila kuficha. Asikimbie aibu pia. Biashara ya watumwa haikufanywa na wageni peke yao. Wengi walitekwa na majirani zao. Mtoto akisoma hayo hatawachukia wazee wake. Atajua kwamba walikuwa watu, wenye ushujaa na wenye makosa, na kwamba amani aliyonayo leo haikuokotwa njiani.

Tena historia isiwe ya machifu tu. Wanyiha walijua kuyeyusha chuma katika tanuri zao. Nani aliyechoma makaa, nani aliyebeba udongo, na jembe lile liliuzwa kwa nini? Habari za mhunzi, za mwanamke aliyetekwa, na za mkulima aliyeamka akaambiwa kwamba mto wake umekuwa mpaka, ndizo habari za taifa.

Basi twashauri hivi. Walimu wa Ileje, na wa Tunduma ambako Wanamwanga nao wamegawanywa na mpaka wa Zambia, waanze na daftari moja na mzee mmoja. Halmashauri zisaidie gharama za uchapaji. Wanachuoni wetu waifasiri kazi iliyokwisha kufanywa, kwa ruhusa ya wenye haki, kwa Kiswahili chepesi chenye ramani. Nacho kitabu kiwe na bei ambayo haitamlazimisha mkulima kuchagua kati yake na chumvi ya nyumbani.

Wazee wajuao habari hizo wanapungua kila mwaka, wala hawatangoja mipango yetu. Atakayekwenda kuwauliza, na aende sasa.